Kuchimbua hadithi ya mzuka ya Kimarekani kabla ya kuisimulia

Mchawi wa familia ya Bell, nyumba ya Amityville, msichana anayeomba lifti karibu na makaburi nje ya Chicago: visa hivi vimeshasimuliwa kwa Kiswahili mara nyingi, na mara nyingi msimulizi amevitoa kwenye video iliyovitoa kwenye video nyingine. Kila aliyekipokea kisa ametia chumvi yake kidogo. Mwongozo huu ni wa msimulizi anayetaka kushuka hadi kwenye karatasi ya kwanza. Kwa kisa kimoja tenga jioni tatu hadi tano, daftari na bando la kutosha. Rekodi nyingi zinazotajwa hapa zinasomwa bure mtandaoni.

Anza na jedwali la safu tatu. Safu ya kwanza ni mwaka tukio linapodaiwa kutokea. Ya pili ni mwaka mzuka unapodaiwa kuonekana mara ya kwanza. Ya tatu ni mwaka kisa kilipochapishwa kwa mara ya kwanza. Safu ya tatu ndiyo ngumu kuijaza na ndiyo yenye thamani kuliko zote. Kati ya tukio na chapisho likiwapo pengo la wiki chache, una watu waliokuwepo. Pengo likiwa la miaka sabini, tafuta nani alishika kalamu mwishoni mwa miaka hiyo, maana huenda sehemu kubwa ya kisa ni yake.

Kazi hii inahitajika kwa sababu ya jinsi visa hivi vinavyojileta. Ngano yetu hujitangaza: paukwa, pakawa, na kila mtu anajua ameingia wapi. Kisa cha mzuka cha Kimarekani hakibishi hodi. Kinakuja na jina la barabara, namba ya nyumba, mwaka, na mtu "aliyemfahamu dereva mwenyewe". Kimevaa nguo za habari ya kweli, kwa hiyo kipime kama habari.

Utamwitaje?

Amua neno kabla ya kuandika mstari wowote, kwa sababu neno litabadilisha kisa. Mzuka wa Kimarekani karibu siku zote ni binadamu aliyekufa, mwenye jina, aliyebaki pale alipofia. Jini hakuwahi kuwa binadamu. Ukimwita jini yule msichana wa Chicago, msikilizaji wa Mombasa ataanza kumwangalia miguuni akisubiri kwato, na utakuwa umeshamhamishia kwenye kisa kingine. Pepo humpanda mtu kichwani na kudai vitu vyake. Mzimu kwa watu wengi una ukoo na tambiko. Neno "mzuka" limebeba mizigo michache kuliko yote, ndiyo maana linatumika hapa. Familia ya Bell ni kesi ya pekee: kilichowasumbua kilikuwa sauti isiyo na mwili, lakini majirani walikiita mchawi. Bakiza "mchawi", kwa kuwa ndilo jina la kisa, na ueleze jambo hilo kwa sentensi moja.

Kivunje vipande

Chukua toleo unalolifahamu na uliandike upya kama orodha ya madai, kila dai mstari wake. Dai ni kitu ambacho karatasi inaweza kukikubali au kukikataa: jina, umri, mahali, mwaka, sababu ya kifo. "Chumba kilikuwa na ubaridi wa ajabu" si dai, liweke pembeni.

Tuchukue nyumba ya Myrtles huko St. Francisville, Louisiana. Kisa kinasema mtumwa wa kike aitwaye Chloe alikatwa sikio na bwana wake, Clark Woodruff, kwa kosa la kusikiliza mlangoni, akawa anafunga kilemba cha kijani kuficha jeraha. Kisha akaoka keki yenye majani ya sumu, ikamwua mke wa Woodruff pamoja na mabinti wawili, na watumwa wenzake wakamnyonga. Vunja: (1) Woodruff alikuwa na mtumwa aitwaye Chloe, (2) mkewe alikufa kwa sumu, (3) watoto wawili wa kike walikufa siku hiyohiyo, (4) Chloe alinyongwa.

Sasa linganisha. Mke, Sara Mathilda, alikufa 1823. Watoto wawili walikufa 1824, mwaka mmoja baadaye, na mmoja wao, James, alikuwa wa kiume. Kilichowaua ni homa ya manjano. Binti mwingine, Mary Octavia, aliishi hadi utu uzima. Waliopekua karatasi za Woodruff hawakumkuta Chloe. Kisa kinataja pia mauaji mengi ndani ya nyumba hiyo, lakini yaliyothibitika ni moja tu: William Winter, aliyepigwa risasi barazani mwaka 1871. Hata yeye hadithi imempandisha ngazi hadi kipandio cha kumi na saba ili afie mikononi mwa mkewe, ilhali alifia pale alipoangukia.

Madai manne yameanguka kwa jioni moja. Kilichobaki ni kizito zaidi: nyumba iliyozika mama na watoto wawili kwa homa, na watu waliofanywa watumwa mle ndani ambao wageni wa leo wanaonyeshwa mmoja tu, tena wa kutungwa, tena muuaji.

Rekodi na mitego yake

Sensa ya Marekani imefanyika kila baada ya miaka kumi tangu 1790, lakini usitarajie jambo lilelile kutoka kila sensa. Hadi 1840 iliandika jina la mkuu wa kaya peke yake, wengine wakahesabiwa kwa makundi ya umri. Ukitafuta jina la binti wa miaka kumi na miwili katika sensa ya 1820 utatafuta mpaka kesho. Kuanzia 1850 kila mtu huru ana jina lake. Watumwa waliandikwa katika daftari tofauti, 1850 na 1860, kwa umri, jinsia na rangi chini ya jina la mmiliki, bila majina yao wenyewe. Kwa hiyo kutomwona mtumwa kwa jina katika daftari hilo hakuthibitishi kwamba hakuwepo. Nenda kwenye hati za mirathi, mikataba ya mauziano na orodha za mali, ambako majina huandikwa kwa sababu ya bei.

Sensa ya 1890 karibu yote iliharibika kwa moto wa Januari 1921 mjini Washington. Kisa kinachosimama juu ya familia iliyohamia mahali 1885 na kuondoka 1895 kina shimo hapo, na utalizibia kwa vitabu vya orodha za wakazi wa miji, vilivyochapishwa kila mwaka katika miji mingi. Upande wa juu kuna mpaka mwingine: majina ya sensa hufungwa kwa miaka 72. Ya 1950 ilifunguliwa tarehe 1 Aprili 2022, na ya 1960 itasubiri hadi 2032.

Kwa vifo vya kati ya 1850 na 1880 kuna daftari la vifo lililoambatana na sensa. Liliandika waliokufa katika miezi kumi na miwili kabla ya tarehe 1 Juni ya mwaka wa sensa, pamoja na sababu. Ni dirisha dogo, lakini mtu wako akiwa amekufa Februari 1860, yumo.

Kwa nyumba, tafuta ramani za Sanborn. Zilichorwa kwa ajili ya kampuni za bima ya moto kuanzia 1867, kwa kipimo cha inchi moja kwa futi 50, na maktaba ya bunge la Marekani imeweka nyingi mtandaoni. Rangi zake zinasema: waridi ni matofali, njano ni mbao, buluu ni mawe. Fungua toleo la mwaka wa kisa na toleo linalofuata. Jengo la "karne mbili" likiwa la njano katika ramani moja na la waridi katika ile inayofuata, lile la kwanza lilibomolewa au liliungua, na mzuka unaopita ukutani unapita kwenye ukuta ambao hakuwahi kuujua.

Magazeti ya zamani

Hifadhi ya bure ya Chronicling America ina magazeti ya Marekani hadi 1963. Wengi huandika jina kamili kwenye kisanduku, wanakosa, wanaondoka. Sababu za kukosa ni mbili. Kwanza, maandishi yamesomwa na kompyuta kutoka kwenye picha za karatasi chakavu, kwa hiyo herufi zimevurugika. Tafuta kwa jina la ukoo peke yake, kisha kwa jina la mahali na neno moja la tukio, ndani ya miezi sita tu. Pili, magazeti ya wakati ule yalimtaja mwanamke aliyeolewa kwa jina la mumewe. Ukimtafuta kwa jina lake la kuzaliwa hutampata, mtafute kama "Mrs." na jina la mume. Jaribu pia tahajia tatu nne za ukoo wenyewe.

Anza wiki ya tukio, kisha ruka miaka kumi kumi kwenda mbele. Angalia ni mwaka gani sentensi mpya inaingia. Jumba la Delphine LaLaurie, mtaa wa Royal, New Orleans, linaonyesha faida yake. Tarehe 10 Aprili 1834 moto ulizuka jikoni. Waokoaji walivunja milango wakakuta watu waliofungwa minyororo, wenye njaa na majeraha. Gazeti la mji, lililojulikana kama Bee, liliandika habari hiyo mara moja na kutaja watu saba. Umati ulivamia na kubomoa ndani ya nyumba, na LaLaurie akatoroka. Hayo ni ya wiki ileile. Yale ya matumbo kuchomolewa na mifupa kuvunjwa na kuungwa upya, ambayo video nyingi huyaanza nayo, yameingia kwa kishindo katika maandishi ya 1946, miaka 112 baadaye. Magazeti ya 1834 hayanayo. Jengo linalopigwa picha leo nalo limejengwa upya baada ya uharibifu ule. Watu saba katika minyororo wanatosha, msimulizi asihitaji kuwakata vipande.

Kisa chenye pengo dogo: Greenbrier

Ikiwa ndiyo kwanza unaanza, jifunzie kwa hiki. Kina karatasi nyingi kuliko karibu kisa chochote cha mzuka Marekani, na ushahidi wake ulitolewa mahakamani.

Zona Heaster alikufa nyumbani kwake katika wilaya ya Greenbrier, West Virginia, tarehe 23 Januari 1897, miezi michache tu baada ya kuolewa na mhunzi aliyeitwa Shue. Daktari George Knapp alipofika alimkuta mume ameshamwosha na kumvisha maiti mwenyewe, gauni lenye kola ngumu ndefu, amekaa amekipakata kichwa chake. Kila daktari aliposogelea shingo, mume aling'aka. Sababu ya kifo ikaandikwa kuzimia, baadaye ikabadilishwa kuwa uzazi. Mama yake Zona, Mary Jane Heaster, alisema bintiye alimtokea usiku nne mfululizo, akamwambia mume alimvunja shingo. Mama akaenda kwa mwendesha mashtaka, John Preston. Tarehe 22 Februari kaburi lilifukuliwa, na uchunguzi ukakuta shingo imevunjika na koromeo limepondwa, na alama za vidole zipo. Mume alihukumiwa kifungo cha maisha kiangazi cha mwaka huohuo, akafia gerezani Moundsville mwezi Machi 1900.

Hadi hapo ndivyo kisimuliwavyo. Alama ya barabarani iliyowekwa na jimbo inasema ni kesi pekee inayojulikana ambamo ushahidi wa mzuka ulisaidia kumtia muuaji hatiani. Sasa soma kumbukumbu za kesi kwa makini uone nani aliuleta mzuka kizimbani. Preston aliepuka kabisa kumwuliza mama habari za ndoto. Aliyeuliza ni wakili wa mshtakiwa, akitumaini baraza la wazee wa mahakama litamwona mama amerukwa na akili. Mama alijibu kila swali bila kuyumba: hakuwa ndotoni, alikuwa macho. Mtego ukamnasa aliyeutega. Kilichomfunga Shue, hata hivyo, ni shingo ile na mwenendo wake mbele ya daktari.

Kisha fungua toleo la Greenbrier Independent la tarehe 28 Januari 1897, lililotangaza kifo cha Zona. Katika toleo hilohilo kuna kisa cha mzuka kutoka Australia, cha maiti iliyogunduliwa kwa sababu mtu alidai kuuona mzuka wake. Hakuna karatasi inayothibitisha kwamba Mary Jane alikisoma. Inatosha kumwonyesha msikilizaji kurasa hizo na kunyamaza. Mama anayeshuku mkwe wake, asiye na ushahidi ambao wanaume wa wilaya watausikiliza, na gazeti mezani: hiyo ni hadithi nzito kuliko ndoto yenyewe, nayo haimvunjii heshima anayeamini kwamba Zona alikuja kweli.

Pengo la miaka sabini: Bell

Huku Adams, Tennessee, mambo ni kinyume. Sauti inasemekana ilianza 1817 katika shamba la John Bell. Ilichapa watoto makofi, ikamtesa zaidi binti yake Betsy, ikakemea uchumba wake na Joshua Gardner hadi ukavunjika, na John alipokufa tarehe 20 Desemba 1820 ikajisifu kwamba ndiyo iliyomnywesha sumu. Jaza safu ya tatu: maelezo marefu ya kwanza ni kitabu cha mwandishi wa magazeti, M. V. Ingram, mwaka 1894. Kabla yake kuna aya fupi katika historia ya jimbo ya 1886. Ingram alisema anatumia daftari lililoandikwa 1846 na mtoto wa Bell, lakini daftari hilo halipo mkononi mwa mtu. Kwa hiyo maneno ya sauti, kichupa cha sumu, paka aliyeonjeshwa akafa, yote yanapitia kalamu moja.

Hapa msimulizi hupotea kwenye kipande kitamu kuliko vyote: Andrew Jackson, rais wa baadaye, kufika na gari lake lililokwama bila sababu, na kukimbia alfajiri. Kimo kwa Ingram. Katika barua na karatasi za Jackson zilizohifadhiwa, ambazo ni nyingi mno, hakimo. Kisimulie ukipenda, lakini kisimulie kama kitu alichokiandika Ingram.

Kilichomo kwenye rekodi za wakati wenyewe ni kingine kabisa. Bell alihukumiwa kwa riba katika uuzaji wa mtumwa kwa jirani aliyeitwa Batts, na kanisa lake la Kibaptisti la Red River likamtoa mwaka 1818. Sauti ile ilipewa jina Kate, na watu wakaihusisha na Kate Batts, mwanamke wa ukoo huohuo. Tazama miaka: aibu kanisani 1818, sauti 1817 hadi 1821. Ugomvi wa pesa juu ya binadamu aliyeuzwa umekaa katikati kabisa ya kisa, na matoleo mengi hayautaji.

Kisa kisicho na mwenyewe

Wakati mwingine unachimba na hufiki kwa mtu yeyote. Kabla ya kujilaumu, angalia kama kisa ni cha kusafiri. Wanafolklore, yaani wachunguzi wa masimulizi ya watu, wana faharasa ya motifu (vipande vya kisa vinavyojirudia toka simulizi moja hadi nyingine) iliyotungwa na Stith Thompson wa Indiana, ambamo herufi E ni ya wafu. E332.3.3.1 ni mzuka anayeomba lifti na kutoweka garini. Mwaka 1942 na 1943 Richard Beardsley na Rosalie Hankey walichapisha uchambuzi wa matoleo 79 ya kisa hicho, wakayagawa makundi manne: anayetoa anwani na kukutwa alishakufa, bikizee anayetabiri, msichana wa dansi anayeacha kitu chake kaburini, na wa nne ambaye baadaye hutambulika kuwa mungu wa kike, kama Pele wa Hawaii.

Resurrection Mary, yule msichana wa Chicago, ni wa kundi la tatu. Anapandia barabara ya Archer, kusini-magharibi mwa Chicago, amevaa gauni jeupe, na kutoweka mbele ya makaburi ya Resurrection huko Justice. Mwanamume mmoja, Jerry Palus, alieleza kwamba alicheza naye dansi 1939. Wanaotafuta jina lake humpata Mary Bregovy, aliyekufa kwa ajali ya gari Machi 1934. Lakini ajali ile ilitokea katikati ya jiji, si barabara ya Archer, na nywele zake zilikuwa nyeusi ilhali mzuka ni wa nywele za dhahabu. Kuhusu nondo za geti zilizopinda 1976, ambazo zilisemekana zina alama za mikono, uongozi wa makaburi ulieleza kwamba lori liligonga geti na mafundi wakajaribu kuzinyoosha kwa moto.

Kosa la kawaida hapa ni kumlazimisha marehemu halisi aingie kwenye motifu. Bregovy alikuwa binti wa watu. Akikosa kulingana na kisa kwa mambo mawili, mwache apumzike.

Nyumba, taa na hewa

Kisa kikisimama juu ya jengo, uliza fundi kabla ya mganga. Jumba la Sarah Winchester huko San Jose, California, lina vyumba karibu 160, ngazi zinazoishia darini na milango inayofunguka hewani. Husemwa alijenga usiku na mchana kuwachanganya mizuka ya waliouawa kwa bunduki za kampuni ya mumewe. Alinunua nyumba ya shamba ya vyumba vinane 1886, na barua zake zinaonyesha alikuwa akiwasimamisha mafundi kwa vipindi. Tetemeko la tarehe 18 Aprili 1906 liliangusha mnara wa ghorofa saba na sehemu za juu, naye hakuzijenga tena. Mlango uliokuwa ukiingia chumbani ukabaki unaingia hewani. Ngazi zenye vipandio vya sentimita tano tu, zinazozunguka zunguka, ni za mama mwenye baridi yabisi aliyeshindwa kunyanyua mguu. Alikufa Septemba 1922, na mwaka uliofuata nyumba ilikuwa inapokea watalii. Safu ya tatu hapo imejaa tiketi.

Kisa kikisimama juu ya taa za mbali, fanya alivyofanya George Mansfield wa idara ya jiolojia ya Marekani kwenye taa za Brown Mountain, North Carolina, mwaka 1922. Aliweka ubao wa kupimia sehemu iliyo wazi, akalenga kila taa kwa darubini yenye rula, akachora mstari wa mwelekeo juu ya ramani na kuandika dakika. Mistari ikaishia kwenye barabara na reli. Hesabu yake kwa kila taa 100: 47 za magari, 33 za vichwa vya treni, 10 za taa zisizohama, 10 za moto wa vichaka. Leo simu yenye dira, ramani ya mistari ya mwinuko na saa sahihi vinatosha. Pima kutoka sehemu mbili tofauti, kwani mstari mmoja hauonyeshi umbali, na usipoandika dakika huwezi kulinganisha na ratiba ya treni.

Hewa nayo isisahaulike, na hili ni la uhai. Mwaka 1921 daktari wa macho William Wilmer aliandika juu ya familia iliyosikia nyayo, kuumwa vichwa na kuhisi watu chumbani usiku. Tanuri la kupashia nyumba joto lilikuwa bovu na moshi wake ulirudi ndani. Kaboni monoksaidi haina harufu. Yeyote aliyeko Marekani anayeona mambo nyumbani majira ya baridi, huku wote wakiamka na vichwa vizito, atoke nje kwanza na aite wazima moto. Kifaa cha kuipima kikae kila ghorofa, karibu na vyumba vya kulala. Kwa picha, viduara vyeupe vinavyoelea ni vumbi lililo karibu na lenzi likimulikwa na mwanga wa kamera. Zima mwanga huo, piga tena.

Kuhusu kwenda mwenyewe usiku: makaburi mengi hufungwa jioni, na kuingia baada ya hapo kunaweza kuwa kosa la jinai. Kwa mhamiaji ambaye karatasi zake bado zinashughulikiwa, kukamatwa mara moja hakulingani na picha yoyote.

Sasa simulia

Kwa mwendo wa maneno kama 110 kwa dakika, kipindi cha dakika 15 kinataka maneno 1,650. Dakika tano za mwanzo wape kisa kizima kama kinavyosimuliwa, bila kukikatiza wala kukikejeli. Anayesikia kwa mara ya kwanza anastahili kutetemeka. Kisha fungua safu ya tatu: nani aliandika, lini. Kisha karatasi, moja baada ya nyingine, kila moja kwa tarehe yake. Usimwage tarehe kumi kwa pumzi moja. Mbili kwa dakika zinatosha, na zirudie kwa njia nyingine ("yaani miaka sabini na nne baada ya mzee kuzikwa").

Tenganisha sauti za vyanzo. "Gazeti la wiki ile linasema", "Ingram anasema", "wenyeji husema" ziwe njia tatu tofauti, na usizichanganye ndani ya sentensi moja. Ukikosea hapo tu, msikilizaji ataondoka akiamini Jackson alikimbia.

Majina ya marehemu yatamke kamili na sawasawa. Sikiliza matamshi ya wenyeji kabla ya kurekodi. Na ukifika kwenye daftari la 1850 ambako hakuna majina, soma kile kilichoandikwa: mwanamke, miaka 30, mvulana, miaka 8, msichana, miaka 2. Soma taratibu, mstari kwa mstari, bila muziki chini yake.